Tundu la Kentucky

Kila Jumatano wanafunzi wa Shule ya Msingi Ilangwa walikwenda shuleni na vitu viwili: daftari na jembe. Jumatano ilikuwa siku ya shamba, na asiyeleta jembe alijua mwenyewe kitakachompata. Silvana wa darasa la sita alibeba jembe la bibi yake, Bibi Kristiana, lenye mpini uliolainishwa na viganja vya miaka mingi. Alilitia begani alfajiri, akapita katikati ya umande na baridi ile ya Ufipa isiyomwonea mtu haya, huku akitafuna kiazi cha jana. Alikuwa na miaka kumi na miwili, kichwa chepesi kushika mambo, na mdomo usiokubali kushindwa.

Jambo moja tu lilimkera kuhusu shule. Upepo wa Januari ulikuwa umeng'oa paa la darasa lao, mabati kuukuu yakaruka mpaka kwenye mahindi ya watu, na tangu siku hiyo darasa la sita walisoma chumba kimoja na darasa la tano, wamepeana migongo. Wa tano wakisoma ngonjera, wa sita wanahesabu sehemu. Mtu anataka kujua theluthi mbili ya ishirini na moja, masikioni anapigiwa "Ewe mkulima hodari!" Majibu yaliyotoka humo, we acha tu! Kamati ya shule ilikaa vikao vitatu kuhusu paa, na vikao vyote viliisha kwa kusema kuwa mabati ni ghali.

Mabati yenyewe yalikuwepo, tena tele, mjini Sumbawanga. Ilikuwa miaka ya mwanzo ya tisini, enzi za ruksa, na maduka yaliyokuwa yamebaki na chumvi na viberiti yalikuwa yamejaa vitu upya. Malori yalipita mpakani Kasesya yakiwa na marobota ya mitumba, zile nguo ambazo wazee walizoea kuziita kafa ulaya. Kijana wa kijijini aliyekuwa na shati moja sasa alikuwa na mashati matatu, yote yameandikwa kifuani majina ya miji asiyoijua.

Mwenye duka kubwa la mitumba na mabati alikuwa Bwana Zenon, mtu mnene, mcheshi, mpenda kusikilizwa. Alizaliwa hapo hapo Ilangwa, akasoma shule hiyo hiyo mpaka darasa la nne, akaondoka kwenda kutafuta maisha. Siku moja, katika robota la mashuka, alikuta kitambaa cha meza kilichochorwa ramani ya Marekani. Majimbo yote hamsini yalikuwa na rangi zake, na mji mkuu wa kila jimbo umewekewa nyota na jina. Alikipenda kitambaa hicho kupita kiasi. Alikipiga pasi mwenyewe, akakitundika ukutani nyuma ya kaunta, na kila mteja alilazimika kukitazama kabla ya kuuziwa suruali.

Ndipo Mwalimu Yonas alipoingia dukani kutafuta koti. Mwalimu Yonas ndiye aliyelifundisha darasa la sita, kijana mwembamba mwenye miwani iliyofungwa uzi.

"Mwalimu," alisema Bwana Zenon akionyesha ukuta, "haya mambo wanao kule Ilangwa wanayajua? Au wanajua njia ya kisimani tu?"

"Wanangu wakifundishwa jambo wanalijua," alijibu Mwalimu Yonas, na habari ya koti akaisahau.

"Majimbo hamsini na miji mikuu yake yote? Acha utani, mwalimu!"

"Yote."

Bwana Zenon alicheka mpaka tumbo likatikisika, kisha akagonga kaunta kwa kiganja. "Haya. Watu wote humu ndani ni mashahidi. Jumamosi ya mwisho ya Machi nakuja Ilangwa na mabati hamsini ndani ya gari. Mtoto mmoja asimame mbele ya wazazi, asitazame popote. Hamsini kwa hamsini. Akimaliza, mabati ni ya shule yangu ya zamani. Akikosa mmoja, gari linageuza."

Mwalimu Yonas alitoka dukani bila koti, lakini na ahadi mfukoni na orodha ndefu aliyoinakili kutoka kwenye kitambaa.

Kesho yake aliandika ubaoni majimbo yote, na darasa la sita wakashangaa kwa sauti.

"Mwalimu, umekosea!" alipaza sauti Marselino, jirani yake Silvana dawatini, mvulana mwepesi wa maneno na mzito wa kazi. "Mji mkuu wa Illinois ni Chicago. Mjomba ana shati la Chicago."

"Ni Springfield," alisema Mwalimu Yonas. "Na wa jimbo la New York si New York, ni Albany. Na wa California si Los Angeles, ni Sacramento. Niambieni, makao makuu ya nchi yetu ni wapi?"

"Dodoma!"

"Na mji mkubwa kuliko yote?"

"Dar es Salaam!"

"Sasa mnachoshangaa ni nini? Ukubwa wa mji ni jambo lake, na makao makuu ni jambo lake. Shati la mtu si kitabu cha jiografia."

Waliendelea hivyo wiki nzima, na kila siku ilikuwa na raha yake. Waligundua kwamba Lincoln wa Nebraska, Madison wa Wisconsin, Jackson wa Mississippi na Jefferson City wa Missouri ni miji iliyopewa majina ya marais wao. Waligundua kwamba Juneau wa Alaska haufikiki kwa barabara kutoka nje, lazima meli au ndege, wakamwonea huruma mtu wa huko mwenye kutaka kwenda sokoni. Kilichowafurahisha zaidi ni Denver wa Colorado, mji unaojisifia kuwa juu maili moja kutoka usawa wa bahari. Mwalimu Yonas alipiga hesabu ubaoni: maili moja ni kama mita elfu moja mia sita na tisa, na Sumbawanga iko juu zaidi ya mita elfu moja mia saba.

"Kumbe sisi tuko juu yao!" alisema Silvana, na darasa zima, hata la tano, likapiga makofi.

Hakuna aliyeuliza nani atasimama siku hiyo. Wote walimgeukia Silvana, naye hakujifanya kukataa.

Kazi ilikuwa kuyashika yote hamsini yasichanganyike, na hapo jembe ndilo lililomsaidia. Mwezi Februari ni mwezi wa matuta Ufipa. Si matuta marefu kama ya kwingine, ni yale ya duara ambayo kwa Kifipa huitwa intumba. Mtu hukusanya majani mabichi, akayafunika kwa udongo anaoupindua kwa jembe mpaka tuta likawa la duara na kufika magotini. Majani yanaoza ndani, yanakuwa mbolea, na juu yake hupandwa maharage. Mvua za mwaka unaofuata zikikaribia, matuta huvunjwa, udongo ukatawanywa, ukapandwa ulezi. Kila mwanafunzi alipewa matuta kumi.

"Mwalimu," alisema Silvana siku hiyo ya shamba, akifuta jasho, "hapa tuko watano mstari mmoja. Matuta yetu ni hamsini."

Mwalimu Yonas alisimama, akayatazama matuta, akaelewa. Kuanzia siku hiyo kila tuta likawa jimbo. Silvana alitembea katikati yake asubuhi na jioni. Alipotumbukiza punje za maharage alitaja: "Maine, Augusta. Vermont, Montpelier. Pennsylvania, Harrisburg." Baada ya wiki mbili aliweza kufumba macho, akatembea kichwani kutoka tuta hadi tuta, na kila tuta likamjibu.

Matuta ya Marselino yalikuwa mwisho wa mstari. Marselino alikuwa wa kwanza kumaliza kazi kila mara, na Silvana alijua kwa nini, kwa maana alimwona. Hakukusanya majani. Alikuwa anarundika udongo mtupu, anaupigapiga kwa bapa la jembe mpaka unang'aa.

"Marselino, majani yako wapi?"

"Nani atafukua atazame? Tuta ni tuta," alijibu akicheka. Na kweli, kwa nje yalikuwa mazuri kuliko ya wote.

Katika orodha ya Mwalimu Yonas palikuwa na mstari mmoja mtupu. Bwana Zenon alipokuwa akipiga pasi kitambaa chake, kaa la moto lilidondoka kutoka kwenye pasi ya mkaa likala tundu, sawasawa kwenye nyota ya Kentucky. Jimbo lilionekana, mji haukuonekana. Mwalimu Yonas aliuliza walimu wenzake, hakuna aliyejua. "Tutaulizia mjini," alisema. "Na tukikosa, nitamwambia Bwana Zenon mapema kwamba hilo hatuwezi kudaiwa."

Silvana hakulipenda neno "tukikosa." Mchana huo Marselino alivua shati la sare ili alime, na ndani alikuwa na fulana nyekundu yenye picha ya farasi. Kifuani ilisomeka: LOUISVILLE, KENTUCKY.

"Si huu hapa!" alisema Marselino akijipiga kifua. "Mji umekuja wenyewe mpaka Ilangwa, na bado mnautafuta!"

Silvana aliitazama fulana ile kwa muda mrefu. Alikumbuka Chicago. Alikumbuka maneno ya mwalimu kuhusu mashati. Lakini pia aliona gari limejaa mabati, na orodha yake ikiwa na tundu, na moyo wake ukataka sana tundu lile lizibwe. Jioni alimfuata mwalimu ofisini.

"Shikamoo mwalimu. Ule wa Kentucky nimeupata. Ni Louisville."

"Marahaba. Umeupata wapi?"

"Umeandikwa, mwalimu."

"Umeandikwa? Vizuri sana, binti! Nilijua nikikutegemea sitaaibika." Mwalimu Yonas hakuuliza umeandikwa wapi. Alichukua chaki, akaenda darasani usiku haujaingia, akaujaza ule mstari mtupu kwa herufi kubwa. Silvana alitoka ofisini na furaha iliyokuwa na kitu kinachochoma ndani yake, kama mwiba uliokatikia kwenye kisigino.

Louisville ukaenea. Darasa la tano waliuimba kwa sababu waliusikia ukitajwa kila siku nyuma ya migongo yao. Wa darasa la tatu wakauchukua kwa wa tano. Siku moja Silvana alikwenda kisimani akakuta watoto wadogo wanaruka kamba wakiimba, "Kentucky, Luisvile! Kentucky, Luisvile!" Alijaza ndoo nusu akaondoka.

Ijumaa, siku moja kabla ya Bwana Zenon kuja, Bibi Kristiana alipita shuleni akitoka shambani kwake, akamkuta mjukuu wake anatembea katikati ya matuta akinong'ona. Bibi Kristiana alikuwa mwanamke mfupi, mkavu, ambaye matuta aliyopiga maishani mwake yangejaza bonde. Hakutazama mjukuu. Alitazama maharage.

Mistari yote ilikuwa kijani kibichi, majani mapana. Lakini matuta kumi ya mwisho maharage yalikuwa yamepauka, ya njano, yamejikunyata.

"Haya ya nani?"

"Ya Marselino, Bibi."

Bibi Kristiana alichukua jembe mkononi mwa Silvana, akalipasua tuta mojawapo katikati. Udongo mtupu ulimwagika, mkavu, bila jani hata moja. Silvana alilitambua tuta lile. Lilikuwa ndilo alilolipa jina la Kentucky.

"Mh!" Bibi Kristiana aliguna. "Enzi zetu, watu wakialikwana kulima na pombe ikiwa imewekwa tayari, hawakosi wa namna hii. Anamaliza wa kwanza, anakunywa wa kwanza, anasifiwa. Siku ile huwezi kumkamata, maana tuta lake limesimama kama la mwenzake. Lakini maharage hayana aibu, mjukuu wangu. Yanasema wazi mbele ya watu."

"Bibi," Silvana aliuliza polepole, "na mtu akiwa ameshapiga tuta tupu, halafu anajuta?"

"Anapasua mwenyewe. Anaanza upya. Inauma, lakini kuumbuliwa na maharage kunauma zaidi." Alimrudishia jembe, akamtazama machoni. "Kwani na wewe unalo?"

"Hapana, Bibi," alisema Silvana. Huo ulikuwa uongo wa pili, na alijisikia vibaya kuliko wa kwanza.

Jumamosi gari aina ya pikapu liliingia Ilangwa likipiga honi, mabati yakimetameta juani, watoto wakilikimbilia. Wazazi walijaa uwanjani. Bwana Zenon alishuka na suti ya mtumba iliyombana, akakitandaza kitambaa chake mezani, maandishi yakimwelekea yeye tu, akamsimamisha Silvana hatua nne mbele yake.

"Masharti mnayajua," alisema kwa sauti ya mnadani. "Hamsini kwa hamsini. Ukikosa mmoja, gari linageuza. Uko tayari, binti?"

"Niko tayari."

Na kweli alikuwa tayari. Alifumba macho, akaingia katika shamba lake la kichwani.

"Alabama!"

"Montgomery."

"Texas!"

"Austin."

"Florida!"

"Tallahassee," alijibu bila kukwama, na wazazi wakapiga makofi kwa ugumu wa jina lenyewe. Marselino alikuwa akidondosha punje ya hindi ndani ya sahani kwa kila jibu, na wanafunzi wakahesabu kwa pamoja. Kumi. Ishirini. Bwana Zenon aliruka huku na huku ili amchanganye, kutoka Hawaii mpaka Ohio, kutoka Wyoming mpaka Michigan, na kila mara alirudishiwa jibu kabla hajafunga mdomo: Honolulu, Columbus, Cheyenne, Lansing. Thelathini. Arobaini. Jasho lilimtoka Bwana Zenon, si Silvana.

"Washington! Si ule mji wa rais wao, nasema jimbo!"

"Olympia."

"Arobaini na tisa!" walipiga kelele wanafunzi, na kinamama wakaanza vigelegele.

Bwana Zenon alinyanyua mkono kuwatuliza. Aliinama juu ya kitambaa, akatia kidole chake ndani ya tundu, akacheka. "Na wa mwisho ni huu. Kentucky. Hapa pasi yangu ilikula, mimi mwenyewe sioni kitu. Basi nakuamini, binti. Utakalosema, nitalikubali, na kazi itakuwa imekwisha. Haya! Mji mkuu wa Kentucky?"

Nyuma yake Silvana aliwasikia darasa lote wakinong'ona, "Louisville, Louisville." Alifumbua macho, akamwona Mwalimu Yonas akitabasamu na kumtikisia kichwa kumkubalia. Alimwona Marselino ameshika punje ya hamsini juu ya sahani. Neno lilikuwa kwenye ncha ya ulimi, nalo lilikuwa na thamani ya mabati hamsini. Ndani ya kichwa chake alifika kwenye tuta la mwisho, akalikuta limepasuliwa, lina udongo mtupu.

"Sijui," alisema.

"Unasemaje?"

"Sijui, Bwana Zenon. Watasema ni Louisville. Mimi ndiye niliyewafundisha hivyo. Lakini niliusoma kwenye fulana, na sijui kama ni kweli. Mwalimu aliniuliza nimeupata wapi, nikamwambia umeandikwa, ili asiulize zaidi. Nisamehe, mwalimu."

Tabasamu la Mwalimu Yonas lilizimika. Watu walianza kunung'unika. "Ala! Si angesema tu?" mzee mmoja alilalamika. "Nani angejua?" Marselino alikaa chini na punje yake mkononi, karibu kulia. Bwana Zenon alikikunja kitambaa taratibu.

"Nilisema hamsini kwa hamsini," alisema, na safari hii hakuwa na mzaha. "Neno langu ni neno langu. Dereva, washa gari."

Hapo Bibi Kristiana alisimama. Alitembea mpaka mezani bila haraka.

"Zenon, mwanangu."

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba. Mimi nakujua tangu unachunga mbuzi bila kaptula, kwa hiyo nikunjulie hicho kitambaa nikione." Watu wakacheka, na Bwana Zenon akakikunjua, hana jinsi. "Mimi sikusoma. Nihesabie tu. Hapo pana majina ya miji mikuu mingapi?"

"Hamsini, Bibi."

"Hesabu."

Bwana Zenon aliguna. "Arobaini na tisa. Na tundu."

"Mtoto amekujibu mingapi?"

"Arobaini na tisa."

"Umeuliza kilichopo, umejibiwa kilichopo. Ule mmoja hata wewe mwenye kitambaa huna. Sasa unamdai mtoto kitu ambacho hukuja nacho? Pasi ni ya nani?"

"Ni yangu, Bibi."

"Basi aliyekosa mmoja ni wewe."

Uwanja ulilipuka kwa kicheko, na gari lililokuwa linanguruma likazimwa na dereva mwenyewe bila kuambiwa. Bwana Zenon alisimama mikono kiunoni, akatazama chini, kisha mabega yakaanza kutikisika, naye akaangua kicheko kuliko wote.

"Nimeshindwa kesi!" alisema. Kisha akamgeukia Silvana, uso umetulia. "Binti, mimi nanunua marobota. Robota ukilitazama juu, makoti mazuri. Ukilifungua ndani, matambara. Kila mwezi napigwa hivyo na watu wazima wenye ndevu. Leo nimekupa nafasi ya kuniuzia tambara, nami ningelipokea, ukakataa. Shusheni mabati arobaini na tisa. La hamsini linabaki dukani kwangu. Ukiniletea jina la kweli, uniambie na mahali ulipolisoma, utalichukua."

Mabati yalishushwa kwa nyimbo. Lakini Mwalimu Yonas alimwita Silvana pembeni.

"Umeniumiza," alisema. "Nilikuamini mpaka sikukuuliza. Kosa hilo ni langu pia. Leo umenirudishia imani yangu, lakini Louisville ungali vinywani mwa watoto."

"Nitautoa, mwalimu."

Jumatatu alipita darasa kwa darasa, kuanzia la kwanza. "Niliwadanganya," aliwaambia. "Kentucky bado hatuujui mji wake mkuu. Msiuimbe tena mpaka niupate." Wadogo walimkodolea macho, na wengine wakamcheka. Alivumilia. Alipofika shambani Jumatano alimkuta Marselino ameshayapasua matuta yake yote kumi, amebeba rundo la majani kichwani mpaka haonekani uso.

"Usiniangalie hivyo," alisema Marselino kutoka ndani ya majani. "Nilichoka kuona maharage yangu yanavyonisema."

Paa liliezekwa wiki hiyo hiyo. Fundi alilipima, akasema mabati arobaini na tisa yanaacha pengo moja. Aliuliza pengo liwe wapi. "Juu ya dawati langu," alisema Silvana. Mvua za mwisho zilikuwa bado zinanyesha Ufipa, na kila ziliponyesha, matone yalimwangukia yeye daftarini. Wenzake wakalipa pengo lile jina. "Jamani, Kentucky inavuja!" walikuwa wakipiga kelele, na Silvana alicheka nao huku akihamisha daftari.

Jumamosi mbili alitembea kwa miguu mpaka mjini. Ya kwanza aliuliza kwenye maduka na ofisi, akarudi mikono mitupu. Ya pili alifika kwenye chumba cha vitabu cha parokia. Sista mmoja mzee alimsikiliza mpaka mwisho, akapanda kwenye kigoda, akashusha kitabu kinene cha Kiingereza chenye vumbi. Walikipekua pamoja karibu saa nzima. Kisha kidole cha Silvana kikasimama.

Frankfort. Mji mdogo tu kando ya mto, mdogo kuliko Louisville mara nyingi.

"Umeona?" alisema sista. "Mkubwa si lazima awe mkuu."

Silvana aliandika jina, jina la kitabu na namba ya ukurasa, akakimbia mpaka dukani. Bwana Zenon aliisoma karatasi mara mbili. Alimwita fundi cherehani aliyeketi barazani, akamwagiza atie kiraka cheupe kwenye lile tundu, kisha akampa Silvana kalamu ya wino.

"Andika wewe. Tundu ni langu, jina ni lako."

Jumatatu bati la hamsini lilifika Ilangwa juu ya kichwa cha Marselino, aliyelikataa gari na kulibeba mwenyewe kutoka njia panda. Fundi alipanda, akaligongomea huku darasa zima likitazama juu. Mwanga juu ya dawati la Silvana ukapungua, ukapungua, ukazibwa. Bibi Kristiana alikuwa amesimama mlangoni na jembe lake, akitoka shambani.

"Watoto," alisema Mwalimu Yonas, "mmeona mabati arobaini na tisa na mmeona hili moja. Lipi lilikuwa gumu kupatikana?"

"Hili moja!"

"Arobaini na tisa yamepatikana kwa bidii ya kujifunza, na bidii hiyo muishike. Lakini hili limepatikana kwa neno dogo ambalo watu wengi, hata sisi walimu, tunaliogopa: sijui. Mtu akisema sijui, mlango wa kujua unafunguka. Akijidanganya kwamba anajua, anaufunga mwenyewe kwa ndani. Asiyejua si mjinga, mradi aseme na aende akatafute."

Usiku huo mvua ilinyesha kwa nguvu, ya mwisho ya msimu. Asubuhi Silvana aliwahi kufika kabla ya wote, akaingia, akapitisha kiganja juu ya dawati lake. Lilikuwa kavu. Nje, watoto wa darasa la kwanza walikuwa wameanza kuruka kamba, na safari hii aliwasikiliza mpaka mwisho wa wimbo.

"Kentucky, Frankfort! Kentucky, Frankfort!"